Dondoo muhimu: Kufungua na kurudisha bamba la chini la mashine ya kuosha vyombo

- Kata umeme. Kuzima kitufe hakutoshi. Chomoa plagi au shusha sakiti breka, kisha funga koki ya maji.
- Legeza skrubu. Aghalabu huwa kwenye kona za bamba, na nyingi hufunguka kwa bisibisi ya nyota. Ziweke kwenye kikombe zisipotee.
- Vaa glavu. Kingo za bati hukata. Vuta bamba taratibu. Likigoma, tafuta skrubu iliyojificha. Ukikuta waya wa ethi, usiukate.
- Mulika kwa tochi. Kagua vali ya kuingizia maji na mpira wa kutolea maji machafu. Utando mweupe wa chokaa au kutu ya kijani kwenye kiungo ni dalili ya kuvuja.
- Jaribu kabla ya kufunika. Rudisha maji na umeme, endesha mzunguko mfupi, tazama bila kugusa. Kisha kata umeme tena.
- Rudisha bamba. Anza skrubu zote kwa vidole, ndipo ukaze kwa bisibisi, bila kupitiliza. Fungua mlango hadi mwisho: ukikwaruza bamba, lishushe kidogo.