Matajiri wa London na Njia ya Asia

Katika barabara kubwa ipitayo Likasi, malori yanapita mchana na usiku yakielekea Lubumbashi na mpaka wa Kasumbalesa. Mengi yamepakia shaba. Dereva mmoja atafika Durban, mwingine Dar es Salaam, kwenye Bahari ya Hindi. Huko shaba inapakiwa katika meli, na meli nyingi zinakwenda Asia, hasa Uchina. Vitu vya Asia navyo vinakuja kwa njia hiyo hiyo: ndoo, vitambaa, pikipiki, simu. Mtoto anayetumwa sokoni kununua ndoo, mara nyingi anarudi na kitu kilichovuka bahari.

Biashara hiyo ya Afrika na Asia si ya jana. Kabla Wazungu hawajaijua Bahari ya Hindi, majahazi ya Waarabu, Wahindi na Waswahili yalikuwa yakienda na kurudi. Mabaharia waliungojea upepo. Kaskazi ilipovuma, iliwaleta pwani ya Afrika. Kusi ilipovuma, iliwarudisha kwao. Walileta nguo za pamba za Gujarat, shanga na vyombo vya Uchina, wakachukua pembe za ndovu na dhahabu.

Mwaka 1498 Mreno mmoja, jina lake Vasco da Gama, aliizunguka Afrika upande wa kusini, akafika Malindi. Huko alipewa rubani aliyeijua bahari, naye akamwongoza mpaka Calicut katika nchi ya Uhindi. Baada ya hapo Wareno walijenga ngome huku na huku, wakataka kuishika njia yote peke yao. Ndiyo njia aliyopita Mtakatifu Fransisko Ksaveri alipokuwa akienda Goa kuhubiri Injili. Mwaka 1542 chombo chake kilitia nanga Malindi.

Waingereza walikuwa wakitazama kwa mbali. Walipenda sana pilipili manga, karafuu, mdalasini na kungumanga. Vitu hivyo havikui katika baridi ya Ulaya, na bei yake ilikuwa kubwa. Matajiri wa London wakasema, “Kwa nini tuvinunue kwa wengine? Twende wenyewe.”

Basi mwezi wa Aprili 1591 merikebu tatu zilitoka bandari ya Plymouth. Moja iliitwa Edward Bonaventure, na nahodha wake alikuwa James Lancaster. Safari ilianza kuharibika mapema. Mabaharia walikula nyama ya chumvi na mikate mikavu miezi mingi, bila matunda wala mboga. Wakashikwa na kiseyeye: ufizi huvimba na kutoka damu, meno hulegea, miguu huishiwa nguvu, na mwisho mtu hufa. Walipofika kusini ya Afrika wagonjwa walikuwa wengi, hata merikebu moja ikarudishwa Uingereza kuwapeleka. Zilizobaki mbili ziliendelea na watu 198. Siku chache baadaye dhoruba ikatokea, na merikebu ya mkubwa wa msafara ikazama na watu wake wote. Edward Bonaventure ikabaki peke yake. Radi ikaipiga, ikaua watu wanne. Katika visiwa vya Ngazija watu wapata thelathini walishuka kuteka maji, wakauawa pwani.

Hivyo Lancaster alifika Unguja mwezi wa Novemba 1591, na hiyo ndiyo merikebu ya kwanza ya Waingereza inayojulikana kutia nanga huko. Bandari ilimpendeza: maji matamu, samaki wengi, mahali pa kujikinga na upepo. Lakini wenyeji hawakumkaribia. Wareno, ambao walikuwa na nyumba yao ya biashara kisiwani, walikuwa wamekwisha kuwaambia watu kwamba Waingereza ni wakali na hula nyama ya watu. Mfanyi biashara akitaka kumzuia mwenzake, huanza kwa kumharibia jina!

Waingereza wakamkamata mtu mmoja katika mtumbwi wake. Alikuwa mtu wa dini, sharifu, mwenye heshima kubwa kwa wenzake. Lancaster alimtendea vizuri, lakini hakumwacha aende. Kwa ajili yake watu wa Unguja walileta chakula cha miezi miwili. Ndipo akaachiliwa. Waingereza waliandika katika habari zao kwamba walimpa heshima. Yeye sharifu hakuandika neno, au kama aliandika, karatasi yake haikufika mpaka leo.

Walikaa Unguja mpaka Februari 1592. Waliunga mashua mpya badala ya ile iliyopotea Ngazija. Mganga wao alishuka nchi kavu kutafuta ng'ombe, akachomwa mno na jua, akaugua, akafa. Kisha walivuka bahari mpaka upande wa Malaka, na huko hawakununua sana; walizivizia merikebu za Wareno na kuzinyang'anya. Lancaster mwenyewe alirudi Uingereza mwezi wa Mei 1594, tena kama abiria katika merikebu ya Wafaransa, maana yake mwenyewe ilimpotea njiani. Katika wale watu 198, waliorudi kwao walikuwa wapata 25 tu.

Mtu angefikiri kwamba matajiri wa London wangekata tamaa. Lakini Waholanzi nao walipeleka merikebu zao Asia mwaka 1595, zikarudi na pilipili manga. Wivu ukawashika. Mwezi wa Septemba 1599 watu wapata mia moja walikutana London, wakaahidi kutoa pauni zaidi ya 30,000.

Hapa inafaa kusimama kidogo, maana ndipo kilipo kiini cha habari hii. Merikebu ni ghali. Ikizama, mwenyewe anakuwa maskini siku ile ile. Lakini watu mia wakichanga, kila mmoja ana sehemu ndogo tu ya merikebu. Ikizama, kila mtu anapoteza kidogo. Ikirudi na mali, kila mtu anapata faida kadiri ya fedha aliyotoa. Sehemu hiyo ya mtu inaitwa hisa, na chama cha watu hao kinaitwa kampuni. Akina mama wa soko la Likasi wanajua kuchanga: ndiyo likelemba yao. Lakini kuna tofauti. Katika likelemba wote wanajuana kwa sura, na kila mmoja anapokea kwa zamu yake. Mwenye hisa wa London alikaa nyumbani karibu na moto, akala faida ya nchi asiyoiona na ya watu asiowajua. Na baharia aliyekufa kwa kiseyeye hakuwa na hisa.

Tarehe 31 Desemba 1600 Malkia Elizabeth wa Kwanza aliwapa hati. Watu zaidi ya 200 waliandikwa ndani yake. Hati ilisema kwamba kwa miaka 15 hakuna Mwingereza mwingine atakayeruhusiwa kufanya biashara katika nchi zote zilizo mashariki ya Rasi ya Tumaini Jema. Tazama ramani. Pwani yote ya Waswahili imo, na Uarabuni, na Uhindi, na Uchina. Malkia hakuwa na shamba hata moja katika nchi hizo, na wenyeji hawakuulizwa.

Safari ya kwanza ya Kampuni iligharimu pauni zaidi ya 68,000. Merikebu kubwa nne ziliondoka mwaka 1601, na mkubwa wao alikuwa Lancaster yule yule. Safari hii alichukua chupa za maji ya malimau. Katika merikebu yake kila baharia alipewa vijiko vitatu asubuhi, kabla ya kula. Zile nyingine hazikufanya hivyo. Walipofika Rasi, watu 105 walikuwa wamekwisha kufa, na waliobaki katika merikebu tatu walikuwa dhaifu mno, hata watu wa Lancaster, ambao walikuwa na nguvu, walikwenda kuwasaidia kutia nanga. Ajabu ni kwamba ilipita karibu miaka 200 kabla jeshi la majini la Uingereza halijaifanya dawa hiyo kuwa amri kwa merikebu zake zote.

Huko Asia Lancaster aliona shida nyingine. Waingereza walileta nguo nzito za sufu, na nani atavaa sufu katika nchi ya joto kama ile? Watu wa visiwa vya viungo walitaka fedha, au nguo za pamba za Uhindi. Mwaka 1602 Lancaster aliiteka merikebu kubwa ya Wareno iliyojaa nguo hizo, akanunulia pilipili manga. Ni vigumu kusema hapo biashara inakoma wapi na unyang'anyi unaanza wapi. Alirudi London mwaka 1603; merikebu zake zilileta ratili zaidi ya milioni moja za pilipili manga.

Safari zikafuatana. Mwaka 1608 merikebu Ascension ya Kampuni ilifika Pemba kutafuta maji. Mwanzoni watu walisalimiana vizuri. Baadaye mapigano yakatokea, watu wakafa. Kampuni haikuweka makao katika pwani ya Waswahili wakati ule. Ilikuwa imejifunza kwamba nguo za pamba ni ufunguo, ikafuata nguo: ikafungua nyumba ya biashara Surat, kisha Madras mwaka 1639. Mwaka 1668 mfalme aliipa mji wa Bombay.

Nyumba ya biashara ilihitaji ukuta. Ukuta ulihitaji walinzi. Walinzi wakawa jeshi. Mwaka 1757 jeshi la Kampuni lilishinda vita vya Plassey katika Bengal, na mwaka 1765 Kampuni ikapata haki ya kutoza kodi ya nchi ile. Mwaka 1770 njaa kubwa ikaingia Bengal. Watu wengi sana wakafa, lakini kodi haikuachwa. Mwanzoni mwa karne ya 19 Kampuni ilikuwa na askari zaidi ya 200,000, karibu wote Wahindi. Walioanza wakinunua pilipili manga wakawa watawala wa mamilioni ya watu. Wahindi wengi waliinuka mwaka 1857. Mwaka uliofuata Serikali ya Uingereza ikaichukua nchi mikononi mwa Kampuni, na mwaka 1874 Kampuni ikavunjwa.

Je, habari hizi zinaigusa Katanga? Zinaigusa. Kabla Kampuni haijafa, ilirudi Unguja: mwaka 1841 alifika Kapiteni Hamerton, balozi wa Uingereza kwa Sultani, naye alikuwa pia wakili wa Kampuni hiyo. Wakati huo misafara ya Waswahili na Wanyamwezi ilipeleka nguo za Asia na shanga mbali sana barani. Ilifika hata Katanga, ambako wafua shaba walikuwa wakichimba mawe ya kijani, wakayayeyusha kwa makaa na kuyamimina kuwa misalaba. Msiri, mtoto wa mfanyi biashara ya shaba kutoka upande wa Unyamwezi, akawa mfalme mwenye nguvu. Mji wake ulikuwa Bunkeya, kaskazini ya Likasi. Pembe za ndovu, shaba na, kwa huzuni, watumwa pia, walitoka kwake. Nguo na bunduki zikaingia.

Kisha hati zikaja tena. Mwaka 1889 Malkia Victoria wa Uingereza aliipa hati kampuni ya Cecil Rhodes. Mwaka 1890 mjumbe wa upande huo, Alfred Sharpe, alimfikia Msiri na karatasi ya mkataba. Msiri alikataa. Mwaka 1891 kampuni nyingine iliundwa Ubelgiji, Kampuni ya Katanga, nayo ikaahidiwa theluthi ya ardhi ya Katanga iliyohesabiwa kuwa ya Serikali ya Mfalme Leopold wa Pili. Ikatuma msafara chini ya Kapiteni Stairs. Msafara ulipitia Unguja na Bagamoyo, ukafika Bunkeya mwezi wa Desemba. Tarehe 20 Desemba 1891 Msiri alipigwa risasi, akafa. Ilikuwa imepita miaka 300 tangu Lancaster alipotia nanga Unguja.

Baada ya hapo Mwingereza Robert Williams na kampuni yake Tanganyika Concessions walipeleka wapimaji, wakaiona shaba ya Kambove na ya sehemu za Likasi. Wapimaji waliongozwa kwenye mashimo ya wafua shaba wa zamani. Mwaka 1906 kampuni hiyo na Wabelgiji waliunda Union Minière. Tangu 1931 mpaka 1966 mji wa Likasi uliitwa Jadotville, kwa jina la Jean Jadot, mkubwa mmoja wa makampuni ya Ubelgiji. Mwaka 1967 Serikali ya Kongo ilichukua mali ya Union Minière, ikaunda kampuni yake yenyewe, ambayo baadaye iliitwa Gécamines.

Maswali

1. Kwa nini watu wa Unguja waliogopa kuikaribia merikebu ya Lancaster?
2. Sharifu alikuwa mgeni wa Waingereza, au mfungwa wao? Toa sababu.
3. Likelemba na kampuni vinafanana katika nini? Vinatofautiana katika nini?
4. Onyesha katika ramani: Plymouth, Rasi ya Tumaini Jema, Unguja, Surat, Bunkeya, Likasi.
5. Uliza nyumbani: katika vitu vya jikoni, ni vipi vilivyotoka Asia?