"Hesabu Siziwezi": Jinsi Hofu Inavyojilisha, na Pa Kuikatia

Wenzangu mnaojiandaa kwenda fild mwaka huu, kuna sentensi mtaisikia kabla hamjamaliza kuandika tarehe ubaoni: "Mwalimu, mimi hesabu siziwezi." Niliisikia Chato, kwenye shule ya kata nilikofundisha Hisabati kidato cha pili kwa wiki nane. Wengi wetu huwa tunaichukulia kuwa ni uvivu, au tunaijibu kwa "jiamini tu". Majibu yote mawili hayasaidii, na nitaeleza kwa nini.

Tuangalie kwanza inavyofanya kazi. Mwanafunzi anaona swali la aljebra. Wazo linakuja lenyewe: nitakosa, watanicheka. Mwili unaliitikia wazo kana kwamba ameona fisi: moyo unaenda mbio, viganja vinalowa jasho. Mwaka 2001 watafiti wa Marekani, Mark Ashcraft na Elizabeth Kirk, walionyesha kwamba wasiwasi wa hisabati unapunguza nafasi ya kumbukumbu tunayoitumia kushikilia namba wakati tunakokotoa. Yaani hofu inakalia kiti cha hesabu. Halafu mwanafunzi anafanya kitu cha kumpa nafuu ya haraka: anainamisha kichwa, anakopi kwa jirani, au siku ya jaribio haji kabisa. Nafuu anaipata kweli. Lakini kwa kuwa hakufanya zoezi, safari ijayo anafeli, na kule kufeli kunakuwa ushahidi: si nilisema siziwezi? Hapo duara limefunga, na kila likizunguka linapata nguvu zaidi.

Huku kwetu duara hilo lina mlango wa kutokea. Mtoto wa Chato anayekimbia hesabu hakosi pa kukimbilia. Kuna mialo ya samaki na dagaa Ziwa Victoria, na kuna machimbo ya dhahabu mkoani Geita. Kule hakuna atakayemuuliza thamani ya x, na hela anaishika mkononi. Utoro tunautupia umaskini, na ni kweli umaskini upo. Ila mtoro mwingine alianza kwa kuogopa kipindi kimoja.

Sasa tulikate wapi? Aaron Beck, daktari wa akili wa Marekani, aliona katika miaka ya 1960 kwamba wagonjwa wake walikuwa na mawazo yanayojitokeza yenyewe kwa kasi, nao waliyaamini bila kuyahoji. Hakuwaambia waache kuwaza. Aliwafundisha kulichukulia wazo kama dai linalotakiwa kupimwa.

Nilijaribu njia hiyo na mvulana mmoja ambaye jaribio la kwanza hakutokea. Alichora safu mbili nyuma ya daftari. Kabla ya zoezi aliandika kushoto anachodhani kitatokea, na baada ya kusahihisha akajaza kulia kilichotokea. Siku ya kwanza kushoto aliandika: "Nitakosa yote matano." Akapata mawili. Maswali nilianzia ya kidato cha kwanza, nikawa napandisha taratibu. Ubaoni sikumwita kwa wiki tatu. Kwanza alikuwa anamweleza jirani yake. Wiki ya nane alipata 34 kwa 100. Hiyo ni D, asesa hawezi kukupongeza kwa hiyo. Lakini siku hiyo alikuwepo, na mtihani aliufanya mpaka mwisho.

Dawa hii haihitaji mtaalamu kila mara. Nchini Zimbabwe, Washona wana neno kufungisisa, yaani kuwaza kupita kiasi. Mwaka 2006 daktari Dixon Chibanda alianzisha huko Harare Benchi la Urafiki. Akina bibi waliopewa mafunzo wanakaa benchini na mtu, wanamsikiliza, wanamsaidia kuchagua tatizo moja kati ya mengi na hatua moja anayoiweza. Utafiti wao uliochapishwa mwaka 2016 ulionyesha kwamba baada ya miezi 6 dalili zilipungua zaidi kwao kuliko kwa waliopata huduma ya kawaida.

Na sisi tunaotarajia kufundisha tunalo duara hilohilo. Mtu anaogopa sapu, kwa hiyo hafungui noti, anashinda kwenye simu mpaka saa nane usiku. Asubuhi hofu imeongezeka, sasa anawaza kudisko. Ukijikuta hapo, fanya mambo matatu. Liandike wazo lenyewe kwenye karatasi, kisha uliza ushahidi wake uko wapi. Chagua kazi moja ya dakika 20, uifanye ukiwa na hofu hiyohiyo, usisubiri iishe. Halafu mwambie mtu mmoja, hata rumeti.

Ikiwa wiki zinapita hulali, huli, au unawaza kujidhuru, hapo karatasi haitoshi. Nenda ofisi ya Mshauri wa Wanafunzi au hospitali, na uende leo, usingoje mitihani iishe.

Huko fild nako, mtoto akikwambia hesabu haziwezi, usibishane naye. Mpe swali moja linalofanana na lile aliloliweza jana, umwache alimalize mwenyewe.