KIFAFA NA DAWA ZAKE: KWA NINI VIDONGE HAVIACHWI GHAFLA



Ndugu mwanafunzi, somo la afya la mwaka huu tumelichagua kwa sababu ya jambo lililotukuta wenyewe hapa madrasa. Mwenzenu mmoja ana kifafa, na kwa miaka miwili alikuwa hajaanguka hata mara moja, kwa kuwa kila usiku alimeza vidonge vyake vya fenobabitoni. Ulipoingia mwezi wa Ramadhani akaviacha. Aliona amepona, tena aliona kufunga huku anatumia dawa ni upungufu wa swaumu. Siku ya kwanza salama, ya pili salama, ya tatu salama. Siku ya sita akalalamika kwamba hapati usingizi, mikono inamtetemeka na jasho linamtoka, ilhali baridi ya Endagikot mnaijua. Usiku wa siku ya saba akaanguka, na kabla hajazinduka akaanguka tena. Alhamdulillahi, alifikishwa hospitali akapona. Lakini tulipokuwa tukimbeba, huyu alisema ni jini, yule akasema ni njaa ya swaumu. Hakuna aliyetaja vidonge, maana viliachwa wiki nzima nyuma.

Basi tueleze kwa nini mtu huacha dawa Jumamosi akaanguka Ijumaa.

Seli za ubongo huwasiliana kwa umeme mdogo sana. Katika kifafa, kundi la seli hupiga umeme huo kwa pamoja bila utaratibu, mwili ukakakamaa na kutikisika. Fenobabitoni ni dawa ya zamani. Daktari wa Kijerumani Alfred Hauptmann ndiye aliyeeleza mwaka 1912 kwamba inazuia kifafa, na hadi leo inatumika sana kwa kuwa ni ya bei nafuu. Kazi yake ni kuipa nguvu ile kemikali ya ubongo inayotuliza seli. Ubongo nao haukai bure. Ukitulizwa kila siku kwa miezi, hujirekebisha kwa kuzidisha uchangamfu wake ili kazi ziendelee. Fikirieni mchezo wa kuvuta kamba. Dawa inavuta huku, ubongo unavuta kule, na kamba imesimama katikati. Upande mmoja ukiiachia kamba ghafla, upande wa pili huanguka chali, na si kwa udhaifu bali kwa nguvu zake wenyewe. Ndivyo unavyokuwa ubongo ulioachishwa dawa ghafla.

Na kamba hii haiachiwi siku ile ile. Fenobabitoni hutoka mwilini polepole sana. Kwa mtu mzima huchukua kama siku 4 hivi nusu yake kutoka, na siku nyingine 4 kutoka nusu ya ile iliyobaki; kwa watoto hutoka upesi zaidi. Kwa hiyo aliyeacha hujiona mzima siku za mwanzo, akasema, "Mnaona, siihitaji." Kumbe bado anaishi kwa dawa ya wiki iliyopita. Dawa kama kabamazepini hutoka haraka zaidi, na hatari yake inaweza kuja ndani ya siku moja au mbili.

Dalili za kuachishwa fenobabitoni ni kukosa usingizi, wasiwasi, kutetemeka, kutokwa jasho, kichefuchefu, pengine kuchanganyikiwa, kisha kuanguka. Hata mtu asiye na kifafa kabisa, akitumia fenobabitoni au dawa za jamii ya Valium kwa wingi na kwa muda mrefu kisha akaacha ghafla, anaweza kuanguka. Wazazi wengine wakisikia hivi huogopa kwamba mtoto atakuwa teja. Sivyo. Teja huitamani dawa na kuiongeza. Huyu mwili wake umeizoea tu.

Hatari kubwa ni kuanguka mfululizo bila kupata fahamu katikati. Hapo mtu anaweza kufa au kubaki na ubongo ulioumia.

Nchi yetu ina ushahidi mzito wa jambo hili. Huko Mahenge, wilaya ya Ulanga, daktari mzaliwa wa Norway, Louise Jilek-Aall, alianzisha kliniki ya kifafa mwaka 1960. Watu waliokuwa wakitengwa, wengine wakiwa na makovu ya moto, walipewa fenobabitoni, na zaidi ya nusu yao wakaacha kuanguka. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 kliniki ile ilisimama, na dawa ikawa ya kupata leo na kukosa kesho. Wagonjwa 164 wa mwanzo walipofuatiliwa mwaka 1990, karibu thuluthi mbili walikuwa wamefariki. Katika vifo ambavyo sababu yake ilijulikana, zaidi ya nusu vilihusu kifafa chenyewe: kuanguka mfululizo, kuzama majini, kuungua. Hatusemi wote walikufa kwa kukosa vidonge, maana miaka 30 ni mingi. Lakini dawa ya kukatika-katika haikuwalinda.

Kwetu Mbulu pia ugonjwa huu si mgeni, na Hospitali ya Kilutheri ya Haydom imekuwa na watafiti wake wa kifafa. Sababu moja inayojulikana huku ni tegu wa nguruwe kuingia ubongoni. Tusijidanganye kwamba halituhusu kwa kuwa hatuli nyama hiyo. Mayai ya tegu huyo hutoka katika kinyesi cha mtu mwenye mnyoo, yakafika kwenye maji, mboga na mikono isiyonawiwa. Choo na sabuni vinamhusu kila mtu.

Sasa mwenye kutumia dawa afanyeje? Akisahau kidonge, akimeze akikumbuka, lakini kama wakati wa kingine umeshafika asimeze viwili kwa pamoja. Asingoje kidonge cha mwisho ndipo aende kuchukua vingine. Mvua za masika na barabara zetu mnazijua, wala si kila duka lina fenobabitoni. Avihesabu, na vikibaki vya wiki mbili aanze safari. Akitokwa na vipele mwilini baada ya kuanza dawa, aende hospitali siku hiyo hiyo, kwani daktari anajua namna ya kumbadilishia. Kuacha kabisa kunawezekana kwa baadhi ya wagonjwa, ila ni baada ya angalau miaka 2 bila kuanguka, kwa uamuzi wa daktari, na kwa kupunguza kidogo kidogo kwa miezi.

Mwenzako akianguka, mwondoe karibu na moto, mlaze ubavu, usimtie kitu kinywani, si kijiko wala maji. Povu lake haliambukizi. Tazama saa: zikipita dakika 5, au akianguka tena kabla hajazinduka, ni hospitali mara moja. Na mfunikeni. Katika Sahihi Bukhari imo habari ya mwanamke aliyekuwa akianguka, akamjia Mtume Muhammad (S.A.W.). Alipopewa khiari alichagua kusubiri, lakini akaomba asiwe anafunuka anapoanguka, naye akaombewa hilo. Wako wanaoitumia habari hii kumwachisha mtu dawa, wakasahau kwamba Mtume (S.A.W.) pia ameamrisha watu wajitibu.

Ama Ramadhani, aya za 184 na 185 za Suratul Baqara zimempa mgonjwa ruhusa ya kula na kulipa siku nyingine. Mwenye kutaka kufunga amwone daktari wiki kadhaa kabla ya mwezi kuandama. Dawa ya mara moja kwa siku huweza kumezwa usiku bila kugusa swaumu. Ya mara tatu ni shida. Tena kuna usingizi. Tarawehe na daku hukata usiku vipande vipande, na kukosa usingizi peke yake huweza kumwangusha mwenye kifafa hata kama kidonge amekimeza.

Mwenzenu yule alimuuliza daktari mapema mwaka huu, akaambiwa asifunge kwanza. Alilia. Ustadhi akakaa naye akamsomea zile aya mbili. Siku zake za kulipa ameziandika kwenye daftari, na kidonge chake hukimeza saa mbili usiku, sisi tukimuona.