Gobore la Marehemu Babu

Swali: Bwana Mhariri, mimi ni fundi chuma hapa Gerezani, Dar es Salaam. Marehemu babu ameniachia vipande vya gobore. Je, yafaa niviunge nyumbani kwa tupa na jiliwa?

Jibu: Ndugu yangu, ustadi wako sina shaka nao, maana mafundi wa Gerezani hugeuza vyuma chakavu vikawa majiko na masanduku ya kusafiria; lakini gobore, ijapokuwa hushindiliwa baruti kwa mdomo wa mtutu na aghalabu hudharauliwa kuwa kitu cha wazee wa porini, mbele ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha za Moto na Risasi ya mwaka 2015 ni silaha, na kuiunda pasipo leseni ni jinai. Wala hii si inda ya Serikali: Itifaki ya Nairobi ya 2004 kuhusu silaha ndogo yaamrisha kila bunduki itiwe alama yake tangu kuundwa, ipate kufuatiliwa, lakini bunduki ya karakanani haina nasaba. Kibali cha marehemu nacho hakirithiwi kama shamba.

Vipande usivibebe mtaani. Nenda mikono mitupu Kituo cha Polisi Msimbazi, ukaeleze, wakuelekeze namna ya kuvisalimisha.