Jina Lisilohubiri: Usawiri wa Bwana Msa na Mashindano ya Hadithi ya 1957/58

1.0 Utangulizi

Mashindano ya uandishi huacha mambo mawili: tuzo, ambayo husahauliwa upesi, na mhusika, ambaye mara chache huishi kuliko tuzo yenyewe. Katika mashindano ya hadithi za Kiswahili ya mwaka 1957/58, yaliyoendeshwa na East African Literature Bureau, Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar alipata nafasi ya kwanza kwa Mzimu wa Watu wa Kale, iliyochapishwa mwaka 1960. Makala haya yanajadili jinsi mhusika mkuu wa riwaya hiyo, Bwana Msa, alivyosanwa. Hoja kuu ni kwamba upya wake haumo katika upelelezi wake tu, bali katika kuvunjwa kwa uhusiano wa zamani kati ya jina na tabia.

2.0 Mhusika Kabla ya Mashindano

Katika Kusadikika (1951) Shaaban Robert aliumba nchi iliyo angani, akamweka humo Karama, mshitakiwa, dhidi ya Majivuno, mshitaki wake. Katika Adili na Nduguze (1952), hadithi yenye majini na binadamu waliogeuzwa manyani, ndugu wawili wa Adili wanaitwa Hasidi na Mwivu. Msomaji huijua tabia kabla ya tendo, kwani jina limekwisha kutoa hukumu. Usanaji huu si udhaifu; ni mbinu ya istiara yenye lengo la kuadili, na una mizizi katika ngano. Hata hivyo, unabana nafasi ya mashaka.

3.0 Bwana Msa

Jina la Bwana Msa ni la kawaida tu kwa watu wa Unguja. Halisifu wala halilaumu. Msomaji hulazimika kumjua kwa matendo: kiko chake, utulivu wake, maswali yake, na namna anavyoyaunganisha mambo madogo ambayo wengine huyapita. Kando yake yupo Najum, rafiki na msaidizi wake, ambaye huyaona yale yale lakini hayaunganishi. Umbali baina ya macho ya wawili hawa ndio unaomjenga shujaa.

Aidha, mandhari ina kazi katika ujenzi huu. Kifo kinahusishwa na mzimu, mahali panapoogopwa. Mwandishi haondoi hofu hiyo. Anaitumia kama pazia ambalo nyuma yake mna mkono wa binadamu. Hivyo ajabu ya ngano haifutwi, bali inageuzwa kuwa swali linalodai jibu.

4.0 Suala la Kuiga

Inajulikana kuwa Bwana Msa anafanana na Sherlock Holmes, aliyeumbwa na Arthur Conan Doyle mwaka 1887. Kiko na rafiki asiyeona mbali ni ushahidi wa kutosha. Lakini kumhukumu mhusika kwa asili ya mavazi yake ni kupima chungu kwa udongo wake bila kukiinjika jikoni. Holmes hakulazimika kufanya kazi mbele ya mzimu wa wahenga. Bwana Msa analazimika, na huko ndiko anakopata uenyeji.

Udhaifu wake uko kwingine. Katika mfululizo wa riwaya zilizofuata, kuanzia Kisima cha Giningi (1968), hakui sana. Akili yake ni ile ile. Haikosi maana kwamba riwaya ya mwaka 1984 inaitwa Kosa la Bwana Msa: baada ya zaidi ya miaka ishirini, jina la kitabu lenyewe linakiri kwamba shujaa huyu naye anaweza kukosea.

5.0 Hitimisho

Bwana Msa ni bapa kwa ukuaji, lakini ni mpya kwa namna anavyojulishwa. Anayehakiki au kuamua mashindano ya uandishi hana budi kutenganisha mambo haya mawili. Swali lifaalo si mhusika ametoka wapi, bali msomaji anapewa kazi gani ili amjue.