Soseji na Viazi katika Sufuria Moja: Mafunzo ya Mapishi kwa Nyumba za Kampala

Kijitabu hiki kimeandikwa kwa ajili ya mtu mwenye seredani moja, sufuria moja nzito yenye kifuniko, na jamaa sita wanaongojea chakula. Wala hakikuandikwa kwa mwenye jiko la umeme lenye tanuri, ingawa yeye naye akikisoma hatakosa faida. Chakula tunachokusudia kukieleza ni soseji na viazi mbatata vilivyopikwa pamoja, vikaiva kwa mvuke wa mchuzi wao wenyewe, kisha vikakauka juu hata vikapiga wekundu. Asili yake ni nchi za baridi: watu wa Dublin wanacho chao kiitwacho coddle, cha soseji, nyama ya nguruwe iliyotiwa chumvi, viazi na vitunguu, na Waingereza wana namna zao nyingi, ambazo karibu zote huanza kwa kumwamuru mpishi awashe tanuri, amri ambayo katika nyumba nyingi za Katwe, Bwaise na Kisenyi haina wa kuitii. Walakini kwa tabia yake si chakula kigeni hapa. Mtu aliyezoea kula katogo asubuhi, matoke yaliyopikwa pamoja na matumbo au maharage, amekwisha kupata nusu ya maarifa haya. Iliyosalia ni kujua tabia za soseji, tabia za kiazi, na namna ya kuutia moto juu ya sufuria kama unavyotiwa chini yake.

Ama jambo tunalotaka lishikwe kabla ya mengine yote ni kwamba soseji humu ni ya kukolezea tu. Viazi na maharage ndivyo vya kushibisha, na soseji huingia kwa ajili ya harufu na mafuta yake. Sababu moja ni mfuko, na hiyo haihitaji maelezo kwa mtu anayelipa kodi ya chumba Kampala. Sababu ya pili ni siha. Katika mwezi wa Oktoba 2015, idara ya utafiti wa saratani iliyo chini ya Shirika la Afya Duniani iliziweka nyama zilizosindikwa, na soseji ikiwamo, katika daraja la vitu vilivyothibitika kuwa huleta saratani kwa wanadamu, ikakadiria ya kuwa kila gramu 50 zinazoliwa kila siku huizidisha hatari ya saratani ya utumbo mpana kwa kadiri ya asilimia 18. Habari hii haimlazimu mtu kutupa chakula chake kwa hofu, kwani hesabu hiyo ni ya mwenye kula kila siku, miaka nenda miaka rudi. Lakini mzazi anayemfungia mtoto soseji mbili za shule kila asubuhi, akidhani amemtendea hisani, ingefaa aifikirie. Kwa hiyo kipimo chetu ni gramu 300 kwa watu sita, yaani gramu 50 kwa kila mtu, na iwe siku moja katika juma, si zaidi.

Chumvi nayo imo ndani ya hesabu hiyo. Mtu mzima hushauriwa asipitishe gramu 5 za chumvi kwa siku, nazo ni kijiko kimoja cha chai, na soseji huja dukani ikiwa imekwisha kutiwa chumvi ya kutosha. Basi mpishi asiguse kibakuli cha chumvi mpaka ameonja mchuzi, na akisha kuonja, aghalabu ataona hana haja nacho.

Sokoni

Viazi vinavyoliwa Kampala hutoka zaidi katika milima ya Kigezi, Kabale na Kisoro, mwendo wa zaidi ya kilomita 400 kwa lori, na vingine hushuka kutoka Kapchorwa, upande wa Mlima Elgon. Kiazi kilichosafiri hivyo hufika Kalerwe au Owino kimegongwagongwa, na pengine kimeshinda juani mpaka ganda likaanza kugeuka kijani. Rangi hiyo ni alama ya sumu iitwayo solanini, ambayo haiondoki kwa kuchemshwa, nayo huleta maumivu ya tumbo na kutapika. Doa dogo likatwe kwa kina. Kiazi kilichoenea ukijani kisinunuliwe hata kwa nusu ya bei. Sokoni humu viazi hivi huitwa ayrishi, na wauzaji hutaja mbegu zake kwa majina, Victoria yenye ganda jekundu ikiwa mashuhuri. Uliza tu kama ni vya kukaanga au vya kuchemsha, kisha chagua vyenye ukubwa uliolingana ili viive kwa wakati mmoja. Anunuaye kwa fungu asione haya kulifumua lile fungu, kwani vikubwa hupangwa juu, na sababu yake yajulikana na muuzaji na mnunuzi pia.

Kwa watu sita chukua kilo moja na nusu ya viazi, vitunguu maji vitatu, nyanya tano zilizoiva, karoti mbili, pilipili hoho moja, punje nne za kitunguu saumu, na maharage makavu kikombe kimoja, ambayo ukiyaloweka usiku na kuyachemsha yatakuwa kiasi cha vikombe viwili na nusu. Nambale yafaa sana, kwa kuwa hushika umbo lake yakisha kuiva.

Soseji zahitaji uangalifu zaidi. Nyingi kati ya zile zinazouzwa zikiwa baridi ni nyama mbichi iliyosagwa, na nyama ikisagwa, vijidudu vilivyokuwa juu ya uso wake huchanganyika ndani yote, hata ikawa si kama kipande cha nyama ambacho moto ukikipata nje kimesalimika. Nunua kwenye duka ambalo jokofu lake linafanya kazi, uangalie tarehe, na uitafute nembo yenye herufi Q ya Shirika la Viwango la Taifa. Ukiona ndani ya pakiti pana mapande ya barafu na soseji zimeshikamana zikapoteza umbo, fahamu kwamba umeme ulikatika, zikayeyuka, kisha zikagandishwa tena. Ziache hapo zilipo. Muislamu asitosheke na kuambiwa kwamba ni ya ng'ombe, kwa maana ngozi inayozunguka nyama huweza kuwa ya utumbo wa nguruwe hata kama nyama ya ndani si yake. Asome maandishi, atafute alama ya halali, au aulize. Naye mwenye kula nguruwe akumbuke kwamba tegu ni mnyoo ambaye watu hapa Uganda wangali wakimpata kwa nyama isiyoiva, na mayai yake yakiingia mwilini huzaa madhara yanayofika hata ubongoni.

Jikoni

Anza na viazi. Vioshe, uvichemshe na maganda yake mpaka ncha ya kisu iingie lakini ikutane na ugumu katikati, kisha uvimenye na kukata vipande vinene kama kidole gumba. Wengi huona hatua hii kuwa ni kupoteza makaa, wakavitupa viazi vibichi moja kwa moja katika mchuzi wa nyanya, nao hukaa saa nzima wakishangaa kwa nini haviivi. Sababu ni ukali wa nyanya, ambao huyakaza yale yanayoshikamanisha kiazi yasilegee. Kiazi kilichoingia katika ukali kikiwa kibichi hukaidi, na kilichotangulia kuchemshwa hakina tena la kukaidi. Fauka ya hayo, Kampala iko juu ya bahari kwa kadiri ya mita 1,200, na maji huchemka hapa kwa nyuzi 96 hivi badala ya 100, kwa hiyo dakika zilizoandikwa katika vitabu vya pwani au vya Ulaya hazitoshi. Ongeza kidogo, na amini kisu kuliko saa.

Wakati viazi vinapochemka, ikiwa una seredani moja tu, katakata vitunguu na mboga. Viazi vikitoka, weka sufuria kavu motoni, vijiko viwili vya mafuta, na soseji nzima. Moto uwe wa wastani. Ngozi hupasuka kwa sababu ya moto mkali, unaoyachemsha maji ya ndani kabla hayajapata njia ya kutoka, na dawa ya hilo ni kusogeza makaa pembeni, wala si kuzichoma soseji kwa uma, maana kila tundu ni mfereji wa kupotezea utamu. Soseji ya bei ndogo, iliyojaa unga na maji, itafura na kurusha mafuta zaidi, basi mwenye watoto jikoni awaondoe. Zigeuze mpaka pande zote zimekuwa za kahawia, uzitoe, uzikate vipande vitatu vitatu. Zikiwa bado na wekundu katikati, si neno wakati huu, kwa kuwa hazijamaliza safari yake.

Katika mafuta yaliyobaki tia vitunguu, uvikaange polepole mpaka vilainike na kuyabandua yale yaliyoshika chini ya sufuria, kwani humo ndimo ilimo ladha. Fuatisha kitunguu saumu, bizari kijiko kimoja, kisha karoti, hoho na nyanya. Koroga mpaka mafuta yaanze kuelea juu ya rojo. Hapo tia maharage pamoja na kikombe kimoja cha maji yake, uchanganye, uteke nusu ya rojo lote uiweke kando. Panga nusu ya viazi juu ya lililobaki, tandaza soseji, mimina lile la kando, na umalizie kwa viazi vilivyopangwa kama vigae vya paa, umepakaza juu yake mafuta kijiko kimoja.

Moto wa juu na wa chini

Wapishi wa pwani, Mombasa na Unguja, wameoka mikate kwa makaa juu na chini tangu zamani, kabla tanuri za umeme hazijajulikana, na hapa maarifa yao ndiyo tunayoyaazima. Baganda nao wametupa jani la mgomba. Lipitishe jani juu ya moto mpaka lilainike na kung'aa, lifunike sufuria kwa jani hilo, ukate kingo zinazoning'inia zisiungue, kisha ukandamize kwa kifuniko cha bapa: mvuke hautatoka, wala jivu halitaanguka katika chakula. Punguza makaa ya chini yabaki machache, uzibe nusu ya mlango wa hewa wa seredani, na uiache sufuria dakika 30 bila kufunua. Ndipo uondoe jani, urudishe kifuniko, na upange juu yake makaa yaliyokolea, dakika 10 hadi 15, mpaka viazi vya juu vimeanza kukauka kingo. Pasua kipande kimoja cha soseji cha katikati kabisa: kisiwe na wekundu, na majimaji yake yawe safi. Mwenye kipimajoto na aone nyuzi 71.

Kazi hii yote ifanyiwe barazani au mlangoni. Makaa yaliyokolea, yasiyotoa moshi hata kidogo, ndiyo yenye hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi, na seredani iliyoingizwa chumbani usiku kwa ajili ya kuota moto, mvua ikinyesha na madirisha yakiwa yamefungwa, imekwisha kuua jamaa nzima usingizini.

Chakula kikisha kupakuliwa, kilichobaki kisilale juu ya meza. Baada ya saa mbili katika joto letu, vijidudu huanza kuzaana kwa wingi ambao kuonja hakuwezi kuutambua. Kiwekwe katika jokofu kikiwa kimetandazwa katika chombo kipana ili kipoe upesi. Na nyumba isiyo na jokofu ipike kipimo cha usiku mmoja tu, ama impelekee jirani sahani yake mapema, kikiwa bado cha moto. Kiporo cha jokofuni kipashwe asubuhi mpaka kifuke mvuke mahali pote, mara moja tu, na mwenye haraka ya kwenda kazini akikunje ndani ya chapati pamoja na yai, kama wafanyavyo wauza rolex wa Wandegeya. Ukoko ulioganda chini ya sufuria, ikiwa haukuungua, ni wa watoto.