Kuigiza Bila Uso, Bila Sauti: Somo Kutoka kwa Joonas Suotamo

Wenzangu wa Elimu, nadharia ya Albert Bandura tunaikariri kila mwaka: mtu hujifunza kwa kumtazama mwingine akitenda, na hatua ni nne, yaani umakini, kumbukumbu, utendaji na hamasa. Tunaijibu kwenye mtihani, tunapata maksi, basi, yameisha. Leo tuipime kwa mwigizaji wa Finland ambaye wengi tumemtazama bila kuijua sura yake.

Mnamkumbuka Chewbacca, lile jitu la manyoya kwenye Star Wars? Tangu 1977 aliyekuwa ndani ya manyoya yale ni Mwingereza Peter Mayhew, mwenye urefu wa zaidi ya mita 2.2. Uso umefunikwa. Sauti nayo si yake: fundi Ben Burtt aliitengeneza kwa kuchanganya milio ya wanyama, dubu wakiwemo. Mayhew alibaki na mwendo, shingo na macho tu, na kwa hivyo vitatu dunia ikampenda.

Ilipokuja The Force Awakens (2015), magoti ya mzee yalikuwa yamechoka. Akatafutwa mtu mrefu mno, mwenye macho ya bluu. Akapatikana Suotamo, mchezaji wa mpira wa kikapu aliyesomea filamu chuo kikuu cha Penn State, Marekani, na ambaye baada ya masomo aliwahi hata kuuza bima kwao.

Sasa turudi kwa Bandura.

Umakini: Suotamo alizitazama filamu za zamani kama mwanafunzi, siyo kama shabiki. Anavyoinamisha kichwa, anavyotupa hatua.

Kumbukumbu: alichokiona alipaswa kukibeba mwilini, maana ndani ya vazi zito hakuna daftari la kuchungulia.

Utendaji: alifanya, na Mayhew mwenyewe akamfundisha na kumrekebisha. Katika filamu ile waligawana kazi, kijana akichukua sehemu za mbio na purukushani.

Hamasa: aliaminiwa. Kuanzia The Last Jedi (2017) nafasi ikawa yake, ikafuata Solo (2018) na The Rise of Skywalker (2019). Mayhew alifariki Aprili 2019, lakini Chewbacca aliendelea kutembea vilevile.

Kusema kweli, hapa ndipo linapotuuma sisi. Tukienda mazoezi ya kufundisha, siku za kukaa nyuma ya darasa kumtazama mwalimu mkongwe tunaziona za kupoteza muda. Tunachati. Halafu siku ya kwanza mbele ya wanafunzi 80, tunapiga kelele kwa sababu hatukuona yule mwalimu alivyowanyamazisha kwa kusimama tu na kuwatazama.

Yule naye alikuwa anafundisha bila sauti. Mwaka huu, kabla ya kushika chaki, tumtazame kwanza. Wakongwe hawa wanastaafu, na mbinu hiyo haijaandikwa kwenye andalio la somo.